Sikukuu za Umma na Deni la Mtu wa Zamu

Kati ya Jumatatu ya tarehe 31 Machi 2025 na Alhamisi ya Mei Mosi, kalenda ya Tanzania ilikuwa na siku 24 za Jumatatu hadi Ijumaa, siku ambazo kwa kawaida ofisi za serikali hufungua milango. Sita kati ya hizo zilikuwa sikukuu: siku mbili za Idi el-Fitri, Kumbukumbu ya Karume tarehe 7 Aprili, Ijumaa Kuu tarehe 18, Jumatatu ya Pasaka tarehe 21, na Mei Mosi yenyewe. Sikukuu ya Muungano iliangukia Jumamosi, kwa hiyo haikuongeza kitu. Robo nzima ya siku za kazi ilipita ofisi zikiwa zimefungwa. Jambo hili huonekana dogo mpaka ulitazame kwa macho ya mgonjwa wa kisukari ambaye kliniki yake hupangwa kila Jumatatu. Katika kipindi hicho zilikuwapo Jumatatu tano, na tatu kati yake zilikuwa sikukuu. Zilizobaki ni mbili, tarehe 14 na tarehe 28 Aprili, na katika siku hizo mbili ndipo watu wa wiki tano walipaswa kupimwa sukari, kuonana na daktari na kuchukua dawa.

Mjadala wa sikukuu za umma kwetu huzunguka swali moja, kwamba ni nyingi mno au zinatosha. Mwenye duka na mwenye kiwanda husema ni nyingi. Mfanyakazi husema zibaki zilivyo. Serikali husikiliza pande zote mbili, na mwaka mwingine unaingia na orodha ileile. Mabishano hayo yameficha jambo kubwa zaidi. Sikukuu ina bei, kama barabara ilivyo na bei na darasa lilivyo na bei. Tofauti ni kwamba bei ya barabara na ya darasa huandikwa kwenye bajeti, na bei ya sikukuu haiandikwi ipasavyo popote. Kwa kuwa haikuandikwa, huangukia mabega ya watu wawili: mtumishi wa zamu anayefanya kazi wenzake wakiwa nyumbani, na mwananchi anayehitaji huduma siku ambayo mlango umefungwa. Deni hilo ndilo linalostahili kuchambuliwa, na idadi ya sikukuu ije baadaye.

Tuanze na orodha. Kwa mujibu wa Sheria ya Sikukuu za Umma, Sura ya 35, na desturi inayofuatwa, Tanzania Bara ina sikukuu 17 kwa mwaka. Nane ni za kitaifa na za wafanyakazi: Mapinduzi, Karume, Muungano, Mei Mosi, Saba Saba, Nane Nane, Kumbukumbu ya Mwalimu Nyerere na Uhuru. Nane ni za dini, na hapo pana mizani inayostahili kutazamwa kwa makini: nne ni za Wakristo, yaani Ijumaa Kuu, Jumatatu ya Pasaka, Krismasi na siku inayofuata, na nne ni za Waislamu, yaani siku mbili za Idi el-Fitri, Idi el-Haji na Maulidi. Moja iliyobaki ni Mwaka Mpya. Juu ya hizo, Rais anaweza kutangaza siku nyingine, kama ilivyokuwa tarehe 23 Agosti 2022, siku ya Sensa ya Watu na Makazi, ili watu wabaki majumbani na wahesabiwe. Sikukuu ikiangukia Jumamosi au Jumapili, kwetu hailipiwi siku nyingine. Nchini Kenya sheria yao inasema ikiangukia Jumapili, siku ya kazi inayofuata huwa mapumziko. Kwa hiyo zile 17 za Tanzania hupungua zenyewe. Mwaka 2025 Mapinduzi yalikuwa Jumapili na Muungano Jumamosi, na sikukuu zilizogusa siku za kazi zilikuwa karibu 14. Ukizigawa kwa siku 261 za Jumatatu hadi Ijumaa za mwaka huo, unapata takriban siku moja katika kila 19.

Kwa mtumishi wa ofisini, siku hiyo moja haigusi mshahara hata kidogo. Analipwa kwa mwezi, na mwezi wenye sikukuu tano hulipwa sawasawa na mwezi usio na sikukuu. Wapo wanaoliita hilo hasara, kwamba serikali inanunua siku ambayo haikufanyiwa kazi. Hoja hiyo haina uzito mkubwa. Mapumziko yenye malipo yanatambuliwa katika ibara ya 24 ya Azimio la Ulimwengu la Haki za Binadamu la mwaka 1948, na hakuna taifa linalojenga utumishi imara kwa kuwachosha watumishi wake. Zaidi ya hayo, kazi nyingi za ofisini hungoja bila kuharibika. Jalada lililolala mezani Ijumaa Kuu huamka Jumanne lilivyokuwa. Athari ya sikukuu kwa mfuko wa mtumishi huyu iko kwenye majira ya malipo. Mshahara wa Desemba ukitoka kabla ya Krismasi, kama inavyotokea mara nyingi, fedha ileile inapaswa kuvuka sikukuu nne, nauli za kwenda na kurudi kijijini, kisha ada na sare za shule, mpaka mshahara wa Januari utoke. Wafanyakazi huiita Januari ndefu. Ina siku 31 kama miezi mingine, lakini mshahara unaoihudumia uliisha mapema.

Ipo pia sikukuu moja inayogusa mishahara kwa namna ya pekee, nayo ni Mei Mosi. Kwa miaka mingi siku hiyo imekuwa jukwaa la mfanyakazi kusikia kama atapandishiwa au la. Baada ya miaka kadhaa ya ukimya, Mei 2022 kima cha chini cha mshahara serikalini kilipandishwa kwa asilimia 23.3, kutoka shilingi 300,000 hadi 370,000. Mei Mosi ya 2025, mkoani Singida, Rais Samia Suluhu Hassan alitangaza nyongeza ya asilimia 35.1 iliyofikisha kima hicho shilingi 500,000 kuanzia Julai. Nyongeza hizo ni jambo jema, na ni haki kuzipongeza. Lakini zinapotangazwa uwanjani, wapo watumishi ambao hawako uwanjani wala nyumbani. Wako wodini, kwenye mitambo ya maji, kwenye chumba cha kuongozea ndege, kwenye lindo la gereza. Kwao Mei Mosi ni siku ya kazi yenye jina zuri.

Tumtazame mmoja wao kwa karibu. Ni saa moja na nusu asubuhi, Jumatatu ya Pasaka, katika wodi ya wazazi ya hospitali yoyote ya wilaya. Muuguzi wa usiku anakabidhi zamu: kitanda cha kwanza mama amejifungua salama, cha pili uchungu umeanza, cha tatu shinikizo la damu limepanda na daktari ameitwa. Muuguzi anayepokea anasaini daftari. Ratiba iliyobandikwa ukutani ilipangwa kwa watu sita, lakini leo wapo watatu, kwa sababu siku ya sikukuu zamu hupunguzwa ili wengine wapumzike. Idadi ya akina mama wanaojifungua haikupunguzwa. Maabara ina mtu mmoja anayeitwa kwa simu, duka la dawa la hospitali lina dirisha moja, na mapokezi ya wagonjwa wa nje yamefungwa, kwa hiyo waliopaswa kwenda huko wanakuja chumba cha dharura. Muuguzi huyu atafanya kazi ya watu wawili katika siku ambayo mtumishi mwenzake wa daraja lilelile la mshahara, aliyeko masjala ya halmashauri, yuko mezani na wanawe. Mwisho wa mwezi wote wawili watapokea mshahara uleule.

Sheria iliona tofauti hiyo mapema. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, ambayo inawahusu pia watumishi wa umma wa Tanzania Bara, inasema katika kifungu cha 25 kwamba mfanyakazi anayefanya kazi siku ya sikukuu alipwe mara mbili ya mshahara wake wa msingi kwa kila saa aliyofanya kazi. Ibara ya 23 ya Katiba nayo inampa kila mtu haki ya ujira unaolingana na kazi yake bila ubaguzi. Kwa hiyo malipo ya sikukuu yameandikwa, na mtu wa zamu anayeyadai anadai kilicho chake. Ugumu unaanza mahali ambapo fedha inatoka. Mshahara wa mtumishi hutoka Hazina moja kwa moja, kupitia mfumo wa mishahara, na huingia benki kwa jina lake. Malipo ya saa za ziada na posho za kuitwa kazini hutegemea fungu la Matumizi Mengineyo, ambalo watumishi wenyewe huliita OC, au mapato ya ndani ya kituo. Fungu hilohilo ndilo linalonunua mafuta ya gari la wagonjwa, karatasi, umeme na sabuni. Fungu likipungua, mkuu wa kituo anapaswa kuchagua kati ya dizeli ya jenereta na posho ya muuguzi. Atachagua dizeli, na atakuwa amefanya sahihi. Posho ya muuguzi itaandikwa kwenye daftari la madai.

Hapo ndipo yanapozaliwa yale ambayo serikali yenyewe huyaita madeni yasiyo ya mishahara: uhamisho, likizo, matibabu, saa za ziada. Hujilimbikiza kidogo kidogo, huhakikiwa, hupunguzwa, hulipwa kwa awamu, kisha huanza kukua tena. Mgomo wa madaktari wa mwaka 2012, ulioanza Januari na kurudi Juni, ulikuwa na madai mengi, na mojawapo lilikuwa posho ya kuitwa kazini nje ya saa za kawaida. Nchi ilitikisika, wagonjwa waliteseka, na uhusiano wa serikali na wanataaluma wake ulipata jeraha. Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Deni dogo la sikukuu, likiachwa bila kuandikwa kwenye bajeti, hugeuka kinyongo kikubwa kinacholipuka siku ambayo hakuna aliyejiandaa.

Kuna watu walio chini zaidi ya muuguzi katika ngazi hii. Sheria ya mwaka 2004 haiwagusi askari wa Jeshi la Wananchi, Polisi, Magereza na Jeshi la Kujenga Taifa. Askari polisi anayesimama kwenye jua barabarani siku ya Idi ili familia zifike salama ufukweni halindwi na kifungu cha 25, na malipo yake hutegemea kanuni na posho za jeshi lake. Halafu yupo mfagia barabara na mzoa taka, ambaye siku hizi mara nyingi si mtumishi wa halmashauri tena, ila kibarua wa kampuni au kikundi kilichopewa zabuni. Huyu analipwa kwa siku. Kwake sikukuu ni moja ya mambo mawili: akipumzika, siku hiyo haina ujira, akienda kazini, mara nyingi hupewa ujira wa kawaida, huku taka za sokoni zikiwa zimeongezeka maradufu kwa sababu ya sherehe za wengine. Taifa linapomshukuru mfanyakazi kwa hotuba huku likimwacha mfagiaji wake nje ya shukrani hiyo, hotuba inapungua uzito.

Upande wa pili wa deni ni huduma. Si huduma zote zinazoumia sawa. Zile za dharura, kama uzazi, zimamoto, umeme na maji, huendelea kwa shida. Zile zinazoweza kungoja, kama leseni ya biashara, hungoja bila madhara makubwa. Maumivu makali yako katikati, kwenye huduma zinazoonekana kama zinaweza kungoja kumbe haziwezi. Kliniki ya magonjwa ya kudumu ni mfano wa kwanza. Mgonjwa wa shinikizo la damu aliyepewa dawa za mwezi mmoja akikosa siku yake, anakaa bila dawa, na hali mbaya humpata wiki mbili baadaye, siku ambayo hakuna anayekumbuka kwamba chanzo kilikuwa Jumatatu ya sikukuu. Mahakama ni mfano wa pili. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inaweka saa 24 kuwa kipimo cha kumfikisha mtuhumiwa mahakamani. Mtu aliyekamatwa jioni ya Alhamisi tarehe 17 Aprili 2025, kama hakupata dhamana ya polisi, alikuwa na Ijumaa Kuu, Jumamosi, Jumapili na Jumatatu ya Pasaka mbele yake kabla mahakama haijafungua kwa ratiba ya kawaida asubuhi ya Jumanne tarehe 22. Sheria ya Ukomo imemkumbuka mwenye kesi ya madai, kwamba muda ukiisha siku ambayo mahakama imefungwa, anaweza kuwasilisha shauri lake siku itakapofunguliwa. Jalada limepewa nafuu hiyo. Mtu aliyeko rumande anastahili zaidi ya jalada.

Ugumu huongezeka kwa sikukuu zinazofuata mwandamo. Idi haiwezi kuandikwa kwa uhakika kwenye kalenda ya Januari, na hivyo ndivyo inavyopaswa kuwa, kwa sababu ni ibada kabla ya kuwa siku ya mapumziko. Lakini tangazo hutoka usiku, na usiku huohuo muuguzi mkuu wa wodi hushika simu kuipanga upya zamu ya asubuhi. Mwislamu aliyekuwa apumzike kesho huenda akaangukia zamu ya siku ya Idi, na Mkristo aliyekuwa tayari kumshikia anaweza kuwa amekwisha safiri. Katika hospitali nyingi watumishi hao hubadilishana kwa upendo: wewe unishikie Idi, nami nitakushikia Krismasi. Ni moja ya desturi nzuri zaidi katika utumishi wetu wa umma, na hakuna waraka ulioianzisha. Lakini wema wa watumishi hautoshi kuwa mpango wa serikali. Mwandamo wa mwezi una siku mbili tu zinazowezekana, na ratiba mbili zinaweza kuandaliwa wiki moja kabla.

Teknolojia imetupa nafuu ya nusu. Tangu mfumo wa malipo ya serikali kwa njia ya kielektroniki uanze mwaka 2017, mwananchi anaweza kuchukua namba ya malipo na kulipa ada kwa simu saa sita usiku wa kuamkia Pasaka. Fedha ya serikali haina sikukuu tena. Lakini anayepaswa kuhakiki maombi na kubonyeza kibali yuko mapumzikoni, kwa hiyo serikali imepokea fedha siku ya sikukuu na itatoa huduma baada ya sikukuu. Hata hivyo upo ushahidi kwamba mambo yanaweza kuwa tofauti. Kila mwaka tarehe 7 Julai, katika viwanja vya maonesho ya biashara Dar es Salaam, taasisi za umma hufungua mabanda, na watu hupata hapohapo huduma ambazo wangezifuata ofisini kwa siku kadhaa, cheti cha kuzaliwa kikiwa miongoni mwake. Siku hiyo ni sikukuu kamili kwa mujibu wa sheria. Watumishi wamepangwa, posho zimetengwa, vifaa vipo, na wananchi wamejipanga kwa furaha. Kinachowezekana Saba Saba kwa sababu kimepangwa na kulipiwa, kinawezekana pia kwenye kliniki ya Jumatatu.

Pingamizi la kwanza dhidi ya hoja hii husema dawa ni rahisi, punguza sikukuu. Wenye rai hiyo hupenda kutaja mwaka 2015, Rais John Magufuli alipofuta sherehe za Uhuru, akaagiza siku hiyo itumike kwa usafi, na takriban shilingi bilioni 4 zilizokuwa zitumike zikaelekezwa kwenye upanuzi wa barabara ya Morocco hadi Mwenge jijini Dar es Salaam. Mwaka 2022 Rais Samia naye alizifuta, na shilingi milioni 960 zikapelekwa kujenga mabweni ya watoto wenye mahitaji maalumu. Maamuzi hayo yalikuwa na manufaa, lakini yathibitishe kile yanachothibitisha. Kilichookolewa ni gharama ya sherehe: gwaride, mahema, usafiri, chakula cha wageni. Bei ya sikukuu yenyewe, yaani zamu zisizolipwa na milango iliyofungwa, haikuguswa. Kupunguza orodha nako si jambo la kalamu moja. Mizani ya nne kwa nne kati ya dini mbili ni agano la kimyakimya linaloshikilia amani ya nyumba hii, na atakayegusa upande mmoja atalazimika kugusa wa pili. Sikukuu za taifa zina kumbukumbu za damu na uhuru. Kenya iliacha kuadhimisha Siku ya Moi baada ya Katiba ya 2010 bila kurekebisha sheria yake ya sikukuu, na mwaka 2017 Mahakama Kuu ikaamua kwamba siku hiyo bado ni halali. Tangu hapo imebadilishwa jina zaidi ya mara moja, na mapumziko yapo palepale.

Pingamizi la pili linasema mtumishi wa umma tayari ana mshahara wa uhakika, likizo ya siku 28 na pensheni, kwa hiyo asidai zaidi kwa kufanya kazi aliyoiapia. Kiapo ni kizito na kinapaswa kuheshimiwa. Lakini hoja hii inasahau kwamba hazina ileile inamlipa karani kwa siku ya sikukuu ambayo hakuja kazini. Mshahara wa mwezi wa karani una ndani yake zawadi ya siku 14 za mapumziko yenye malipo. Mshahara wa muuguzi umeandikwa kwa tarakimu zilezile, na zawadi hiyo imeondolewa. Malipo ya mara mbili yanarudisha kilichochukuliwa. Hayaongezi upendeleo wowote. Ukitaka kuyaondoa kwa haki, itakubidi umkate karani siku zake pia, na hakuna anayependekeza hivyo, wala haipaswi.

Pingamizi la tatu ndilo lenye nguvu zaidi: fedha haipo, na kila shilingi ya posho ni shilingi iliyotoka kwenye dawa. Hapa hesabu inasaidia kuliko hisia. Kwa kanuni ya sheria ya kazi, mshahara wa mwezi hugawanywa kwa 4.333 kupata wa wiki, kisha kwa saa za wiki. Chukua kima cha chini cha shilingi 500,000 na wiki ya saa 45: saa moja ni takriban shilingi 2,564. Zamu ya saa nane ni kama shilingi 20,500, na ikilipwa mara mbili ni kama 41,000. Kituo cha afya chenye watu kumi kwenye zamu zote za siku moja, kwa sikukuu zote 17, kingehitaji pungufu ya shilingi milioni 7 kwa mwaka. Wauguzi na matabibu hulipwa zaidi ya kima cha chini, kwa hiyo zidisha mara mbili au tatu. Bado ni kiasi kinachojulikana mapema, kisichobadilika sana mwaka hadi mwaka, na kinachoweza kuandikwa kwenye bajeti ya Julai kwa tarakimu kamili. Mafuriko na magonjwa ya mlipuko huja bila taarifa. Krismasi haijawahi kubadilisha tarehe. Gharama inayojulikana miezi 12 kabla ikigeuka deni, chanzo chake ni uamuzi wa kutoipanga.

Pingamizi la nne linawanyoshea kidole watumishi wenyewe, na lina ukweli wa kukubaliwa. Ijumaa ya tarehe 2 Mei 2025 ilikuwa kati ya Mei Mosi na mwisho wa wiki, na kila mwenye kuijua nchi hii anajua siku kama hiyo inavyokuwa: koti limetundikwa kwenye kiti, mwenye koti hayupo. Alhamisi kabla ya Pasaka, mchana, kituo cha mabasi cha Mbezi hujaa watu ambao kwa saa za kazi walipaswa kuwa maofisini. Kuunganisha siku kwa njia hiyo ni kumwibia mwananchi, na chama cha wafanyakazi kinachodai malipo ya sikukuu kinapaswa kulikemea jambo hilo kwa sauti ileile. Tukumbuke tu kwamba muuguzi hawezi kuunganisha siku. Zamu yake ina daftari, na daftari lina saini. Makosa ya wenye viti yasitumike kuwanyima haki wenye zamu.

Njia ya kutokea haihitaji sheria mpya. Inahitaji zile zilizopo zipewe fedha na ratiba. Malipo ya kazi siku ya sikukuu yahamishwe kutoka kwenye Matumizi Mengineyo yaingie kwenye mfumo wa mishahara, ili yatoke Hazina pamoja na mshahara kwa orodha ya zamu iliyosainiwa. Pale ambapo mtumishi na mwajiri wanakubaliana apewe ofu badala ya fedha, tarehe ya ofu iandikwe siku hiyohiyo, isiachwe kuwa ahadi. Kliniki za magonjwa ya kudumu na za watoto zipangwe upya kila mwaka kwa kutazama kalenda, na mgonjwa ambaye siku yake itagongana na sikukuu apewe dawa za muda mrefu zaidi kabla haijafika. Mahakama iwe na hakimu wa zamu katika kila wilaya kwa mapumziko yanayozidi siku mbili. Zabuni za usafi ziwe na kipengele kinachomlazimu mzabuni kuwalipa vibarua wake malipo ya sikukuu, na halmashauri ikague. Shule zimeonyesha kwamba kupanga kunawezekana: kalenda ya mihula huhesabu siku 194 za masomo, na anayeipanga hujua tangu mwanzo ni siku zipi mwanafunzi hatakuwa darasani. Kama tunaweza kuhesabu siku za mwanafunzi, za mgonjwa hazitushindi.

Sikukuu zibaki. Taifa lisilosimama kukumbuka Uhuru wake, wala kuwaachia waumini wake siku ya kusali na kula pamoja, litakuwa na ofisi wazi na mioyo iliyofungwa. Lakini mapumziko ya wengi husimama juu ya kazi ya wachache, na wachache hao wana majina, wana zamu, na wana kifungu cha sheria kinachowatetea. Bajeti inayofuata itasomwa Juni, kama kila mwaka. Mbunge anayeipitisha aulize swali moja kabla ya kusema ndiyo: muuguzi atakayekuwa wodini usiku wa Krismasi ameandikiwa shilingi ngapi, na kwenye ukurasa upi?